Zamu ya Maji, Izki

Kati ya mtaa wa Yemeni na mtaa wa Nizari
kuna mfereji mmoja wa falaji na hatua arubaini.
Nimezihesabu nikiwa na mtungi kichwani
tangu siku walipoziba milango kwa magogo ya mitende
na wanaume wakapanda burujini na bunduki za utambi.

Wake zao hawatoki. Barakoa usoni, komeo mlangoni.
Mimi natoka. Uso wangu hauna bei ya kufichwa.
"Mwacheni, ni khadimu wa kwa Bibi Shinuna,"
husema sauti ya huku, husema na ya kule;
ndilo pekee wanalokubaliana tangu Rajabu.
Wala si huruma. Ukiua mtumwa wa mtu utalipa,
na tende za mwaka huu zimeungulia shambani.

Basi nabeba maji. Na ndani ya kata ya kichwani
nabeba pete ya Bibi kwa dada yake aliyeolewa Nizari,
na kipande cha kaniki chenye mafundo matatu.
Maana yake sikuambiwa.

Hapa naitwa Zumurudi.
Nilijifungua mwezi mmoja na Bibi:
yeye Muhanna, mimi wangu.
Wakamwita Marjani. Gizani nilimwita jina la babangu,
linaloanza na ng',
sauti ambayo nyumba hii haina pa kuiweka.

Ziwa la kulia la Muhanna, la kushoto la wangu,
mpaka Bibi aliposema mwanawe hashibi.
Nikampa Muhanna yote mawili,
wangu akafyonza uji wa mtama kwenye kitambaa.
Sheikh alisema wamekuwa ndugu, maziwa ni nasaba.
Hakuna aliyemuuliza kama ndugu humgawa ndugu.

Dada yake Bibi alipoolewa kule
Marjani alikwenda pamoja na vyombo:
magodoro mawili, sanduku la shaba, mbuzi wa maziwa.
Alikuwa na miaka saba. Alimshika mbuzi kamba,
akadhani ametumwa tu, atarudi.

Sasa Muhanna yu buruji ya huku,
na kule wamempa wangu bunduki,
yeye ambaye hawajawahi kumpa viatu.
Usiku nasikia mlio huu, nasikia mlio ule,
na maziwa yangu, makavu miaka kumi na sita,
yananiuma yote mawili.

Alhamisi, kabla ya adhana, ulilia mmoja tu.
Muhanna akaingia ananuka baruti, anacheka.
"Nimempata mmoja, mama. Mweusi wao.
Alishuka kuteka maji."

Bibi alikuwa anamimina kahawa.
Hakuinua uso, ila kahawa ilijaa kikombe,
ikajaa sahani, ikashuka mkekani.
Kisha akasema: "Zumurudi, kinu kinakungoja."
Nikatwanga. Nilitwanga hata pumba zikawa unga.

Suluhu ilipokuja, karani aliandika barzani:
waungwana watatu, diya kamili.
Mitende iliyokatwa, mia na kumi, kila mmoja kwa aina yake.
Mtumwa mmoja, kwa bei ya sokoni, alipwe bwana wake.
Bwana wake alilipwa. Akanunua ngamia,
ngamia mzuri, nilimwona.

Usiku Bibi alinijia jikoni bila barakoa.
Sikujua kama ana kovu kidevuni.
"Omba," akasema, akatazama majivu.
Sikuomba uhuru; ningekwenda nao wapi?
Niliomba maji. Nusu ya zamu yake, usiku wa Ijumaa,
yapite pale pembeni walipomfukia.

Akatoa. Sijui alilala vipi, sikuuliza.

Mwandishi wa falaji alikuja na daftari na taa.
"Hapa hapana mti. Unamwagilia nini?"
"Andika tu."
"Kwa jina la nani?"
Nikalitamka, lote, kwa sauti.
Kalamu ikasimama hewani.
"Herufi hiyo hatuna."

Maji yalikuwa yameshafika miguuni mwangu.
"Basi," nikamwambia, "acha nafasi."